Fainali ya Rabat: Moroko waliporwa au walijimaliza wenyewe?

Kocha wa Mabinti
Wadau habari zenu. Nina ubishi na shemeji yangu juu ya fainali ya WAFCON, kombe la Afrika la wanawake, ile ya Rabat, Julai 26, 2025. Yeye wimbo wake ni mmoja: Moroko waliporwa na VAR, yaani refa wa marudio ya video. Mimi nafundisha timu ya mabinti hapa Tanga, na mechi ile nawawekea wachezaji kwenye simu yangu, vichwa kumi vimesongamana kwenye kioo kimoja, mpaka nimeikariri. Mapumziko Moroko mbele 2-0, Chebbak dakika ya 13, Mssoudy ya 24, tena kwao. Mwisho Nigeria 3-2, kombe la kumi. Walioitazama kiufundi naomba mnieleze: kipindi cha pili kiligeuka nini hasa? Msiniambie "uzoefu". Uzoefu ulikuwepo hata walipokuwa wanapigwa mbili.

Beki Mstaafu
Mwalimu, shemeji ana hoja, ila nusu. VAR iliingia mara mbili. Kwanza mpira wa mkono kwenye boksi la Moroko, Okoronkwo wa Nigeria akaweka penalti, dakika ya 64. Halafu ikiwa 2-2 refa yule wa Namibia kawapa Moroko penalti, akaitwa kwenye runinga, akaifuta. Hapo hata mimi ningeumia kama ningekuwa Mmoroko. Lakini bao la pili na la tatu, VAR imefanya nini? Hakuna.

Winga wa Kushoto
Okoronkwo, kwisha. Kafunga la kwanza. La pili, dakika ya 71, yumo ndani ya boksi na mpira, wengi pale wangebutua tu. Yeye kampasia Ijamasu. La tatu faulo kapiga yeye, Echegini kamalizia, dakika ya 88. Na Moroko kwa macho yangu walishaanza kulinda matokeo mapema mno. Ukimpa mtu mwenye mguu kama ule nafasi ya kuinua kichwa, umekwisha.

Mzee wa Kibanda Umiza
Huku kwetu mashabiki wa Nigeria walishaaga wakati wa mapumziko, eti kesho kazini. Wakarudi mbio kusikia kelele, mwenye kibanda akawatoza kiingilio upya 😂
Ila tusiwacheke Moroko sana. Twiga Stars, mabinti wetu wa timu ya taifa, mashindano hayohayo, Opa Clement katutanguliza kwa Afrika Kusini, mabingwa watetezi wale, tukarudi nyuma, wakachomoa. 1-1. Ugonjwa ni uleule.

Kocha wa Mabinti
Mzee umenigusa pabaya, ile ya Twiga nilishindwa kulala. Winga, hilo la kulinda matokeo ndilo tatizo langu. Wangu wakipata bao moja tu, wote wanarundikana mbele ya kipa, hata namba tisa. Nipaze sauti mpaka koo likauke, wapi! Unawaondoaje pale?

Winga wa Kushoto
Kelele haisaidii. Mazoezini wagawe timu mbili, anza mechi ikiwa tayari 2-0. Wanaoongoza wakiingia wote boksini kwao, puliza filimbi, wapinzani wapewe faulo hapohapo ukingoni. Mpigaji awe yule binti wako mwenye shuti kali kuliko wote. Wakishafungwa mbili tatu za hivyo watapanda wenyewe.