Nimemtengenezea kimondo kikishukia Mbeya, leo ananiambia "kazi kafanya kompyuta" na hela hanipi

Wakuu, nina hasira, mnivumilie.

Natengeneza picha za majanga ya angani kwa ajili ya filamu, niko hapa Uyole. Machi alinifuata mtu wa filamu, simtaji. Alitaka kimondo kishuke nyuma ya mlima Loleza, mji umulikwe, vioo vipasuke. Sekunde 12. Tukapatana milioni 1.8, akatanguliza laki tano.

Sikuokota jiwe la mtandaoni. Nilipanda Kosta ya Tunduma, nikashukia njiani, nikachukua boda mpaka kwenye Kimondo cha Mbozi, lile bonge la chuma la tani kama 16. Nililizunguka nusu siku na kamera. Uso wake una vibonyeo kama vya kidole gumba kwenye unga uliokandwa. Nilipiga picha zaidi ya 400 ili jiwe langu liwe na ngozi ileile.

Halafu akataka kishindo kisikike papo hapo na mwanga. Nikamweleza habari ya Chelyabinsk, Urusi, mwaka 2013: kimondo kilipasuka karibu kilomita 30 juu, sauti ikachukua zaidi ya dakika moja kufika chini. Watu walishaona mwanga, wakasogelea madirisha kuchungulia, ndipo vioo vikawarukia. Waliumia kama 1,500. Basi nikaweka mama mmoja wa Mwanjelwa anafunua pazia, kimya kabisa, halafu kioo. Kipande hichohicho ndicho alichokitanguliza kwenye trela!

Sasa hiyo kompyuta anayoisifia. Sekunde moja ya filamu ni fremu 24, yaani picha 24, kwa hiyo sekunde 12 ni fremu 288. Kompyuta kuchora vumbi na moto kulikula dakika 40 kwa fremu. Pigeni hesabu: saa 192, siku nane usiku na mchana. Fremu ya 211 umeme ukakatika, saa nane usiku, baridi ya Juni mnaijua. Betri ya akiba inalia tii, tii, tii, mimi nimejifunga blanketi, vidole vimekufa ganzi, nahifadhi faili kabla haijazima. Na hapo sihesabu wiki sita za kabla, kulipasua jiwe upya kwenye kompyuta kila vipande vilipoanguka kama maboksi matupu.

Nimekabidhi kazi, nadai milioni moja na laki tatu. Jibu lake, neno kwa neno: "Wewe si ulikuwa umelala? Kazi kafanya kompyuta." Tangu siku hiyo simu hapokei, na trela anaisambaza kila kona, jina langu halimo.

Mwashi akichanganya zege kwa mashine, mnamlipa mashine?

Makubaliano yote yako WhatsApp, pamoja na sauti yake akitaja bei. Wanasheria mliomo humu: hizo zinatosha kufungua madai mahakama ya mwanzo, au mpaka karatasi yenye saini? Na trela naweza kuizuia kabla filamu haijatoka mwezi ujao?