Mjadala: Wanaotukataza kufikiri kanisani, mbona ndio wa kwanza kuifasiri lava?

Mwalimu, Katindo

Ndugu zangu wa Goma, na nyinyi wa Bukavu mlio mwisho mwingine wa ziwa Kivu, naomba tubishane bila matusi.

Juma lililopita nilikaa kwenye semina ya vijana, kanisa silitaji. Kijana mmoja aliyemaliza sekondari akauliza kama Mkristo anaruhusiwa kwenda kusoma filozofia chuoni. Mhubiri akamjibu kwamba filozofia ndiyo iliyozima makanisa ya Ulaya, na kwamba imani ikianza kuuliza "kwa nini" imeshakufa. Watu wakasema amina. Sawa. Dakika kumi baadaye mhubiri huyohuyo akageukia usiku wa 22 Mei 2021, akatueleza kwa nini Nyiragongo, volkano yetu, ililipuka: baa zimezidi, wasichana wanavaa vibaya, Mungu akasema kwa moto. Amina tena, kubwa kuliko ya kwanza.

Mimi sikuitikia. Nilikuwa nahesabu. Mtu anayetazama mlima, kisha akatoa neno juu ya Mungu kutokana na huo mlima, anafanya kile ambacho wasomi wanakiita teolojia asilia: kutoka kwenye kilichoumbwa, kwa kufikiri, hadi kwa aliyekiumba. Tomaso wa Akwino, mwanateolojia Mkatoliki, aliifanya katika karne ya 13 kwa zile njia zake tano za kuonyesha kwamba Mungu yupo. Kila kinachosogea kimesogezwa na kingine, na mnyororo huo lazima uwe na mwanzo wake. Alikwenda hatua kwa hatua, mbele ya watu, na hoja za wapinzani akaziandika kabla ya kuzijibu. Mhubiri wetu naye amefanya kazi ileile. Ila hatua zake hataki zikaguliwe.

Tuzikague basi. Mwaka 2021 lava ilishuka ikasimama upande wa Buhene, kaskazini mwa mji, ikala nyumba za mbao za watu wanaohangaika na bidoni za maji. Baa za kando ya ziwa hazikupoteza hata kiti. Tarehe 17 Januari 2002 ilipita katikati ya mji mpaka ziwani, na njiani ikaiteketeza katedrali ya Mtakatifu Yosefu. Kama hiyo ilikuwa hukumu ya walevi, basi hakimu alikosea nyumba. Nani kati yetu yuko tayari kumsema Mungu hivyo? Tena Yesu alikwisha kuligusa jambo hili, Luka 13: wale 18 walioangukiwa na mnara wa Siloamu, je, walikuwa wakosaji kuliko watu wote wa Yerusalemu? Akajibu sivyo.

Ninachodai ni hiki: kufikiri hakuiui imani. Kinachotuumiza ni kufikiri kusikokubali kuulizwa, kukiwa kumevaa joho la ufunuo. Anayepinga aseme.

Mama muuza sambaza, soko la Virunga

Mwalimu, umehesabu vizuri, lakini umehesabu ukiwa umekaa.

Tarehe 27 Mei, gavana alipotangaza asubuhi kwamba tutoke, kwamba moto unaweza kupasuka chini ya mji au chini ya ziwa, mimi nilishika njia ya Sake, mji ulio magharibi mwa Goma, kwa miguu na watoto wanne. Kule, aliyetuletea turubai na uji ni pasta wa namna hiyohiyo unayemcheka. Maprofesa sikuwaona.

Halafu kama lava haisemi kitu, njia nzima nilikuwa naongea na nani? Mlima uninyamazie, na Mungu naye aninyamazie? Mtoto wangu wa pili aliniuliza barabarani: "Mama, nani amewasha?" Hilo ndilo swali lenu lote, nyinyi mliojaza ukurasa.

Mwanafunzi wa teolojia, Himbi

Mwalimu, umekata tawi, shina umeliacha. Wewe na mhubiri wako ni watoto wa mama mmoja: nyote mnaanzia mlimani.

Mwaka 1934 mwanateolojia Mprotestanti Emil Brunner aliandika akitetea nafasi ya maumbile, japo ndogo, katika kumjua Mungu. Mwenzake Karl Barth akamjibu kwa kijitabu ambacho jina lake ni neno moja tu: Hapana! Watu wanacheka wakisikia, wanadhani ni hasira ya mzee wa Uswisi. Lakini tazameni mwaka. Ujerumani ile, Wakristo waliomuunga mkono Hitler walikuwa wakihubiri kwamba Mungu anasema pia kupitia damu, udongo na taifa. Mwezi Mei mwaka huohuo, pale Barmen, Ujerumani, Waprotestanti waliowapinga wakakiri kwamba Yesu Kristo ndiye Neno moja la Mungu la kusikilizwa na kutiiwa. Neno moja. Ukishaweka chanzo cha pili pembeni yake, huwezi tena kuchagua nani atakuja kuchota.

Na sisi wa Kivu hatuhitaji kusafiri hadi Ujerumani kuelewa hilo. Mara ngapi tumemsikia mtu akisoma mapenzi ya Mungu kwenye pua ya jirani yake, au kwenye kilima cha babu yake? Mbele ya Nyiragongo mimi nina 1 Wafalme 19: tetemeko likapita, moto ukapita, na Bwana hakuwamo.

Motari (dereva wa pikipiki ya abiria), Ndosho

Lava ya Nyiragongo inakimbia kama maji kwa sababu ina silika kidogo, ile madini inayoifanya lava iwe nzito. Na inatoka kwa sababu bonde la ufa linaipasua Afrika polepole. Hayo nimeyasoma kwenye simu nikingojea mteja. Mungu ameingia wapi hapo? Nauliza tu. Anayeenda Mugunga aniambie.

Katekista mstaafu, Mabanga

Mwanangu motari, umemjibu yule mtoto nusu. Umesema kilichowasha. Lakini kwamba kuna kitu chochote cha kuwashwa, na si utupu tu, silika hailijibu hilo. Hata hivyo nakuunga mkono kwa jambo moja: tusimbandike Mungu kila mahali ambapo hesabu zetu zimekwama. Georges Lemaître, padri wa Ubelgiji, ndiye aliyeandika mwaka 1927 kwamba ulimwengu unatanuka, na mwaka 1931 akasema ulitoka kwenye chembe moja ya mwanzo. Huyohuyo hakutaka fizikia yake igeuzwe kuwa uthibitisho wa kitabu cha Mwanzo. Padri kabisa, na kola yake shingoni.

Sasa wewe wa Himbi. Barth namheshimu, lakini Warumi 1:20 utaifuta na nini? Paulo anasema mambo ya Mungu yasiyoonekana yanafahamika kwa kazi zake. Mtaguso wa kwanza wa Vatikano, mkutano mkuu wa maaskofu Wakatoliki, mwaka 1870, ulitamka kwamba Mungu anaweza kujulikana kwa hakika, kutokana na viumbe, kwa nuru ya akili ya mwanadamu. Angalia kipimo cha maneno hayo: yeye anaweza kujulikana. Hawakusema kwamba kila moto ni barua iliyoandikwa jina lako juu.

Bibi yangu, wa kabila la Wanande, alimwita Mungu Nyamuhanga, Muumba, kabla hajamwona padri yeyote. Alijua yupo. Kwamba alitundikwa msalabani kwa ajili yake, hilo ilibidi aje kuambiwa. Mimi nimefundisha ubatizo miaka mingi, na sikuwahi kumwambia mzee yeyote kwamba ile sala yake ya kwanza ilikwenda kwa mwingine.

Mwanafunzi wa teolojia, Himbi

Papa Katekista, kwa heshima yote, msomaji asiishie mstari wa 20. Endelea mpaka wa 23: walimjua, hawakumtukuza, wakambadilisha na mifano ya ndege na wanyama. Pale Paulo anasoma mashtaka, hafungui shule ya filozofia.

Katekista mstaafu, Mabanga

Na mtu hashtakiwi kwa jambo ambalo hakuweza kulijua. Mstari wa 20 unamalizika kwa "hata wasiwe na udhuru". Soma taratibu, mwanangu.

Mwalimu, Katindo

Kijana wa Himbi, hofu yako naijua, tumezikana kwa sababu yake. Ila dawa yako siiamini. Wale wa damu na udongo hawakuangamia kwa kufikiri kupita kiasi; hoja yao ingevunjika siku ya kwanza kama kungekuwa na ruhusa ya kuiuliza.

Chukua mazuku. Gesi nzito kuliko hewa, inalala kwenye mabonde na mashimo, alfajiri unakuta mbuzi wamekufa, na wakati mwingine ni mtoto. Mtoto akifa hivyo, kuna nyumba ambamo mchawi anaanza kutafutwa, na kwa kawaida ni bibi kizee asiye na mtetezi. Anayekuja kueleza kwamba ni gesi ya kabonidioksidi ameokoa uhai wa yule bibi. Mimi hiyo naiita kazi ya Kikristo, kwa sababu amri inakataza kumshuhudia jirani uongo, na waliokufa Buhene nao ni jirani zetu. Kuwaita wakosaji kuliko wengine, bila ushahidi, ni kuwashuhudia uongo wasipoweza kujibu. Hapo sirudi nyuma hata hatua.

Kwa Mama wa sambaza narudi nyuma. Turubai ni turubai, na mimi tarehe ile nilivuka mpaka kwa ndugu zangu Gisenyi, Rwanda, nikalala kitandani. Sikusema lava haisemi kitu. Nimesema haitaji jina la mkosaji. Ila swali la mtoto wako limenizidi, na hizi njia tano zangu nimejaribu kuzigeuza zimwelee mtoto anayetembea, nimeshindwa. Ulimjibu nini?

Mama muuza sambaza, soko la Virunga

Nilimwambia ashike bidoni vizuri, tutaongea tukifika. Tulipofika Sake alikuwa amelala.