Naomba ushauri: kufuata njia ya Thomson na Chuma, Uhehe hadi Ziwa Nyasa

Shikamooni wakubwa, wengine habari zenu. Niko Iringa. Kikundi chetu kinataka kufuata njia aliyopita mpelelezi Mskoti Joseph Thomson mwaka 1879 kupitia Uhehe hadi kaskazini mwa Ziwa Nyasa, safari aliyoiandikia kitabu. Mkuu wa wapagazi wake alikuwa Chuma, yule aliyekuwa mtumishi wa Livingstone. Mimi naona njia ingepewa jina lake, wenzangu wanabisha.

Tunachotaka hasa ni kurekodi wazee: majina ya zamani ya vijito, nyimbo za kuvuna ulezi, mahali pa matambiko. Shida iko hapo. Mzee mmoja alisimulia vizuri mpaka tulipotoa simu. Akanyamaza, akarudi kupukuchua mahindi yake.

Waliowahi kufanya hivi, mliingiaje? Tuanzie kwa mwenyekiti wa kijiji au afisa utamaduni wa wilaya? Na rekodi tuzihifadhi wapi, wajukuu wao wazipate?