Naomba ushauri: mwanafunzi wa bweni anaonewa kwa kuitwa shoga

Habari zenu wadau. Naomba ushauri wa waliowahi kushughulikia kesi za namna hii Kenya. Kijana wa kidato cha tatu anaitwa shoga, godoro lake linamwagiwa maji usiku, na picha zake zinasambazwa WhatsApp. Kama ni shoga au siye, hilo halipunguzi haki yake ya kulala salama.

Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013, kifungu cha 36, inakataza mwanafunzi kuteswa au kudhalilishwa, kimwili au kisaikolojia. Kwa hiyo malalamiko yanaandikika bila kugusa mapenzi yake: tarehe, saa, mahali, nani alitenda, nani alishuhudia, maneno yaleyale yaliyotamkwa. Picha za skrini zionyeshe namba ya mtumaji, na nakala ikae nje ya simu yake, maana simu hunyang'anywa na ujumbe hufutwa.

Panapoharibika ni ofisini. Mwalimu mkuu huwaita wazazi akawaeleza "tabia" ya mtoto badala ya uonevu; kijana anarudishwa nyumbani, anapigwa au kufukuzwa, na waliomwonea wanaendelea na masomo. Hilo ndilo linalonitia hofu zaidi.

Je, barua ianzie kwa mwalimu mshauri au iende moja kwa moja kwa ofisa wa elimu wa kaunti? Waliopiga 116, namba ya simu ya msaada kwa watoto, siri ilitunzwa? Na akihitaji uhamisho, sababu gani iandikwe isimfuate shule mpya?