Filamu ya Moolaadé ya Sembène kwa wazazi wasiosoma maandishi ya chini, tufanyeje?

KijanaWaTarime: Wakuu habari za jioni. Kikundi chetu hapa Tarime tumepata projekta na spika mbili, na mnajua Disemba watoto wakifunga shule ndo msimu wenyewe wa kukeketa mabinti, sasa tunataka kuwaonyesha wazazi Moolaadé ya marehemu Ousmane Sembène wa Senegali. Ile sehemu yule mama Collé anafunga kamba ya rangi mlangoni kama kinga ili wale watoto wa kike wanne waliokimbia kisu wasiguswe, na watu wazima na ubabe wao wote hakuna anayethubutu kuiruka, mimi nililia. Shida wanaongea Kibambara na maandishi ya chini ni Kiingereza, bibi zetu wengine hata Kiswahili hawasomi. Tutafute nyingine?

Msomaji_Kando: Usitafute nyingine mdogo wangu. Mzee Sembène mwenyewe yalimkuta hayo hayo, alikuwa kuli bandarini Marseille, akaandika riwaya kwa Kifaransa akaona watu wake kule kwao wengi hawawezi kuzisoma, ndo akaenda Moscow kusomea filamu umri ukikaribia 40. Mwaka 1963 akatoa Borom Sarret, fupi tu, ya mwenye mkokoteni wa farasi pale Dakar, anabeba watu kutwa nzima halafu polisi wanamnyang'anya mkokoteni anarudi nyumbani na farasi mtupu. 1968 akatoa Mandabi kwa Kiwolofu ili watu wasikie lugha yao. Kwa hiyo na nyie wapeni Kikurya.

Nyabhoke_M: Kikurya sawa ila msimpe mtafsiri wa kibanda umiza, vile vibanda vya kuonyesha video, wale wamezoea kuchekesha na hapa hakuna cha kuchekesha. Tafuteni mama mtu mzima anayeheshimika, aiangalie kwanza mara mbili peke yake, halafu siku hiyo akae na maiki asimulie pole pole. Na mjiandae ile sehemu Collé anachapwa viboko mbele ya kijiji kizima na mumewe ili atamke neno la kuondoa ile kinga ya kamba, mimi nilishindwa kuangalia, wamama wengine watainuka waondoke, msiwazuie.

Baba_Gati: Mimi naona kwa kuwa kijiji cha kwenye filamu ni cha Burkina Faso, wazee watasema hayo ni ya huko sio ya kwetu. Nimekeketesha binti wawili, wa tatu nilikataa, najua maneno niliyoambiwa. Kilichonigusa sio viboko, ni zile redio. Wanaume wanawanyang'anya wake zao redio wanazirundika karibu na msikiti wanazichoma, na zingine bado zinaimba mle mle kwenye rundo. Mkifika hapo simamisheni filamu muwaulize wababa wanaogopa nini. Msihubiri, ulizeni tu mkae kimya.

KijanaWaTarime: Asante sana baba, asante dada Nyabhoke. Kuna mama mmoja mkunga mstaafu hapa jirani, kesho asubuhi nampelekea laptop aiangalie.