Ngoma ya Jumamosi (kikundi cha ukoo)

Shangazi Mvumi: Mbukwenyi wanangu. Uwele umeingia ghalani. Jumamosi muheme, ile ngoma yetu Wagogo wanayopiga wanawake, pale mbuyuni kwa babu yenu. Vitongoji vyote.

Mjomba Bahi: Mbukwa dada. Tupo.

Kaka Area C: Shikamoo shangazi. Si tukodi spika na DJ? Nalipia mimi. Watu watacheza mpaka kunakucha.

Shangazi Mvumi: Marahaba. Ulileta spika mwaka juzi, nani alikuja? Bodaboda na mbuzi.

Dada Mpwapwa: Mbuzi 😂😂😂

Shangazi Mvumi: Redio za sola kila mtu anayo kwake, hana haja ya kutembea. Sasa sikiliza. Ngoma kubwa iko kwetu. Ndogo ziko ng'ambo ya korongo. Mwimbishaji anatoka kule kwa wafugaji, mwendo wa saa mbili kwa mguu. Asipofika mmoja, hakuna muheme.

Mjomba Bahi: Ilimba, ile ya kubonyeza kwa vidole gumba, unaweza kupiga peke yako. Marehemu Hukwe Zawose, mwanamuziki wetu Mgogo, kazunguka nayo dunia mpaka anafariki 2003. Muheme peke yako? Thubutu.

Kaka Area C: Kwa hiyo hata wale tuliogombana nao kisimani wanaalikwa?

Shangazi Mvumi: Hao ndio wa kwanza! Anayeiweza ngoma kubwa ni mke wa yuleyule uliyemtukana. Utamnunia vipi huku miguu yako inafuata mkono wake?

Kaka Area C: 🙈

Dada Mpwapwa: Nakuja, ila tangu niolewe sijabana ngoma mapajani. Nitaaibika

Shangazi Mvumi: Ulifundishwa ukiwa mwali, hiyo haitoki. Njoo na kanga mbili.

Mdogo wa Kongwa: Na sisi wanaume tunakaa tu??

Mjomba Bahi: Mnatafuta kuni. Ngozi lazima ziote moto zikaze, la sivyo zinalia kama ndoo. Mkimaliza funga njuga, ruka.

Mdogo wa Kongwa: Kuni sawa. Msosi?

Shangazi Mvumi: Ugali wa uwele na mlenda. Nyama atoe mwenye hela za DJ.

Dada Mpwapwa: 🤣🤣 amekwisha

Kaka Area C: Haya natuma. Beberu mmoja anatosha?

Shangazi Mvumi: Wawili. Wa kisimani wako wengi.

Kaka Area C: Shangazi jamani 😭 Gari la huko linatoka stendi saa ngapi?

Mjomba Bahi: Saa nane, likijaa. Na usije na zile suruali za kubana. Safari hii hatushoni mtu.