Jerry Rice ni nani kwenye ule mpira wa helmeti?

Mtoto_wa_Ujiji: Wakuu, jana kibandani hapa Ujiji tunasubiri mechi ya Simba jamaa akaweka ule mpira wa Wamarekani, mzee mmoja akasema hakuna mdakaji kama Jerry Rice. Ndo nani huyo? Mi naona watu wanagongana tu.

Fundi_Mwanga: Huyo mwenzetu aisee. Baba yake alikuwa fundi mwashi kule Mississippi, dogo anakaa juu ndugu zake wanamrushia tofali toka chini anadaka. Mi hapa saiti nadaka za kuchoma kila siku, ukizubaa kidogo tu kucha imeenda, sa mpira wa ngozi utamshinda?

Reli_ya_Kati: Kazi yake anakimbia mbele, mrushaji anamtupia, anadaka, basi. Timu ya San Francisco 49ers walimchukua 1985, akacheza ligi mpaka 2004 na timu zingine pia, misimu 20 mtu wangu!! Kabeba Super Bowl, ile fainali ya ubingwa wao, mara 3, na yadi 22,895 za kudaka, hajafikiwa mpaka leo. Na wala hakuwa na spidi ya kutisha, ni mazoezi ya kupandisha kilima hata ligi ikiwa imefungwa.

Mtoto_wa_Ujiji: Kumbe. Fundi kesho nakuja saiti nikuone.

Fundi_Mwanga: Njoo na glavu zako.